Alexander ya Oliver Stone ina matoleo manne: lipi lishike, na kwa nini mpangilio wa wakati ndio kila kitu

Filamu hii inamuua steringi, Alexander mfalme wa Makedonia, kabla mtazamaji hajakaa vizuri. Ni Juni 323 KK, Babeli. Mkono wenye pete unanyanyuka, vidole vinalegea, pete inadondoka. Papo hapo tunarushwa kama miaka 40 mbele hadi Aleksandria, ambako Ptolemy mzee, jemadari wake wa zamani, aliyechezwa na Anthony Hopkins, anatembea huku akimtamkia mwandishi wake kumbukumbu za rafiki wa ujanani. Baada ya hapo, kwa waliotazama toleo la sinema la 2004, tunarudishwa Makedonia, kwa mtoto na mama mwenye nyoka. Kwa muda mfupi sana umeshapewa nyakati tatu, na hakuna hata moja uliyoizoea.

Watu wengi waliishia kuilaumu filamu kwa "kurukaruka". Lawama hiyo ni ya haki kwa nusu tu. Stone alihariri filamu hiyohiyo mara nne katika miaka kumi, na ukiyaweka matoleo hayo sambamba utaona kwamba tatizo halikuwa kuruka. Tatizo lilikuwa ni wapi paliporukwa.

Kwanza tuyatambue. Toleo la sinema, Novemba 2004, lina dakika 175. Mwaka 2005 likatoka la mwongozaji, dakika 167, fupi kuliko la kwanza, jambo lisilo la kawaida kwa toleo lenye jina hilo. Mwaka 2007 likaja lile linaloitwa Revisited, dakika 214, lenye mapumziko katikati kama filamu ndefu za zamani. La mwisho, Ultimate Cut la 2014, lina dakika 206. Bajeti ilikuwa takriban dola milioni 155, na Marekani filamu iliingiza kama dola milioni 34 tu sinemani. Nje ya Marekani ilifanya vizuri zaidi. Katika hali hiyo mwongozaji kupewa nafasi ya kurudi kwenye meza ya uhariri mara tatu ni bahati ambayo wachache wameipata.

Ili kuyapima matoleo haya inabidi kutenganisha mambo matatu ambayo watazamaji huyaweka kapu moja. Kuna kisengere nyuma, yaani hadithi kurudi kwenye tukio la zamani kwa makusudi. Kuna kuruka, yaani miaka kuachwa isionyeshwe kabisa. Halafu kuna kuhamisha: tukio la kihistoria kung'olewa mahali pake na kupandwa pengine, bila mtazamaji kuambiwa. Filamu hii inafanya yote matatu, mara nyingine ndani ya robo saa ileile. La kwanza inalifanya vizuri kuliko inavyosifiwa. La pili ndilo lililoiua sinemani. La tatu ni la kujadiliwa.

Tuanze na kuruka, maana hapo ndipo penye maumivu. Katika toleo la sinema tunamfuata kijana kwa utaratibu: mafunzo ya Aristotle, kumtuliza farasi Bucephalus, pango ambamo baba yake Philip anamwonyesha michoro ya mashujaa, kisha karamu ya harusi ya Philip na mke mpya inayoishia kwa matusi na mwana kufukuzwa. Huo ni msuko wa moja kwa moja, mtu na umri wake, na mtazamaji ameshauzoea. Ghafla Ptolemy anachukua usukani kwa mdomo: Philip ameuawa, Alexander ametawazwa, Thebes imebomolewa, Asia ya magharibi imechukuliwa, Misri imemfanya farao. Picha inaporudi tuko kwenye vita vya Gaugamela dhidi ya Waajemi, 331 KK.

Hapo miaka mitano imemezwa, na si miaka ya pembeni. Ni vita vya mto Granicus mwaka 334, vita vya Issus mwaka 333, kuzingirwa kwa Tyre kwa takriban miezi saba mwaka 332, safari ya jangwani hadi hekalu la Siwa, na kuanzishwa kwa mji uleule ambao Ptolemy anatembea ndani yake akisimulia. Kwa mpenzi wa historia ni hasara ya utamu. Kwa hadithi yenyewe ni hasara ya sababu, na Issus ndiyo inayouma zaidi. Huko Darius, mfalme wa Uajemi, alikimbia akiwa na jeshi kubwa. Kwa hiyo miaka miwili baadaye, Alexander anapopanga kuukata mstari wa Waajemi na kumfuata mfalme wao ana kwa ana, hafanyi wazimu. Anajua kwamba mtu huyu akifikiwa karibu, hukimbia. Mtazamaji ambaye hakuonyeshwa Issus anaona kijana mwenye nywele za dhahabu anayecheza kamari na maisha ya watu, halafu anashinda kwa bahati. Usiku kabla ya vita, jemadari wake Parmenion anaposhauri washambulie gizani na Alexander anakataa kuuiba ushindi, maneno hayo yanasikika kama majivuno matupu. Kwa aliyeiona Issus kichwani, ni hesabu.

Vita vyenyewe, kwa bahati nzuri, vimepigwa picha na watu waliojua wanachofanya. Robin Lane Fox, mwanahistoria wa Alexander, alikuwa mshauri na yeye mwenyewe alipanda farasi katika shambulio la wapanda farasi. Dale Dye, mwanajeshi mstaafu, aliwafunza waigizaji na askari wa kujaza uwanja. Mikuki mirefu ya sarissa inasogea kama msitu, vumbi linafunika kila kitu, na maandishi kwenye skrini yanakueleza uko upande gani wa jeshi, kushoto, katikati au kulia. Tai anayepaa juu anatupa ramani ya vita bila ya mtu kuchora ramani: unaona Alexander anavyosogea kulia na kulia zaidi, wapanda farasi wa Uajemi wakivutwa kumfuata, pengo likifunguka, na kabari ikiingia. Filamu chache za vita vya kale zimeeleza mbinu kwa uwazi huo. Ajabu ni kwamba uwazi huu wa mahali ndio unaofanya ukungu wa wakati uonekane zaidi. Unajua hasa yuko upande gani wa uwanja, ila hujui amefikaje kwenye uwanja wenyewe.

Sasa angalia kinachotokea katika toleo la 2007. Kifo, Ptolemy, halafu moja kwa moja Gaugamela. Hakuna mtoto, hakuna nyoka. Picha za vita ni zilezile kwa kiasi kikubwa, na miaka mitano iliyokosekana bado imekosekana, kwani mhariri hawezi kupachika kilichokuwa hakijapigwa. Lakini jeraha halionekani tena. Ukianza hadithi katikati ya vita, hakuna anayekudai maelezo ya jana. Kila mtazamaji anajua kwamba yatakuja. Ukianza na mtoto ukapanda naye ngazi moja baada ya nyingine, halafu ukaruka ngazi tano, atahisi ameibiwa. Pengo ni lilelile na picha ni zilezile. Kilichobadilika ni ahadi aliyopewa mtazamaji mwanzoni.

Baada ya Gaugamela toleo hilo linakwenda kwa nyuzi mbili. Uzi mmoja ni Asia: Babeli, milima ya Baktria, Roxane anayeolewa naye, Bara Hindi. Uzi wa pili ni Makedonia: mama, baba, pango, karamu. Utoto haujawekwa tena kama utangulizi wa kuvumiliwa. Umekatwa vipande na kila kipande kinajibu jambo lililotoka kuonekana. Hii ndiyo kazi halisi ya msuko rejeshi, yaani unaosimulia kwa kurudi nyuma. Kisengere nyuma kinachokuja kabla ya swali ni darasa la historia. Kikija baada ya swali kinakuwa jibu.

Mfano bora wa hilo ulikuwepo tangu 2004, na ni ajabu kwamba hausifiwi. Philip aliuawa Aegae mwaka 336 KK, akichomwa na Pausanias, mlinzi wake mwenyewe. Katika msuko wa kawaida tukio hilo lingekaa karibu na mwanzo, kabla ya kutawazwa. Stone analificha. Ptolemy analitaja kwa sentensi, kisha filamu inaendelea kwa zaidi ya saa nzima bila kulionyesha. Linakuja tu baada ya Alexander kumuua Cleitus, rafiki wa baba yake, kwa mkuki, kwenye karamu, akiwa amelewa. Kwanza tunamwona mwana akiua mtu aliyekuwa kama baba. Ndipo tunaonyeshwa baba mwenyewe akianguka, na Olympias, mama wa Alexander, akisimama na uso usio na machozi ya kutosha. Swali la nani alijua nini mwaka 336 halijibiwi, lakini sasa lina uzito ambao lisingekuwa nao mwanzoni. Lingekaa mahali pake pa kalenda, lingekuwa habari tu. Hapa ni hatia.

Lakini tazama pia gharama yake, maana hapa kisengere nyuma kimeingiliana na kuhamisha. Cleitus hakuuawa Bara Hindi kama filamu inavyoonyesha. Aliuawa Maracanda, Samarkand ya leo, mwaka 328 KK, kabla ya jeshi kuvuka kwenda huko. Hali kadhalika jeraha kubwa la kifuani, ambalo waandishi wa kale wanaliweka katika mji wa Wamalli baada ya vita vya mto Hydaspes, limehamishiwa Hydaspes kwenyewe. Jeshi kukataa kwenda mbele, ambako kulitokea mto Hyphasis baada ya vita hivyo, kwenye filamu kunatangulia vita. Tukio la wanawake wa Darius kumdhania Hephaistion, rafiki wa karibu wa Alexander, kuwa ndiye mfalme limetolewa Issus na kupelekwa Babeli. Na Hephaistion, aliyefia Ecbatana mwaka 324, anafia Babeli, ili vifo viwili vikae karibu badala ya kutenganishwa na miezi.

Je, ni kosa? Inategemea unapima nini. Kuhamishia Hydaspes kila kitu kunaipa filamu kilele kimoja badala ya vitatu vidogo, na picha inayogeuka nyekundu mfalme anapoanguka inabaki kichwani. Bei yake ni kwamba mtazamaji anatoka akiamini vita hivyo vilikuwa kama kushindwa, wakati Alexander alimshinda Porus, mfalme wa huko, akamrudishia ufalme wake, na akataka kuendelea. Waliomsimamisha ni watu wake. Filamu inayosema "jeraha lilimrudisha nyumbani" na historia inayosema "askari walimrudisha" ni hadithi mbili za mtu tofauti. Kati ya uhamisho wote, huu ndio usiosameheka, kwa sababu haubadilishi tarehe tu, unabadilisha sababu.

Kuna jambo lingine ambalo wahariri wa filamu za aina hii hujifunza kwa uchungu: ukivunja mfuatano, unahitaji saa nyingine badala ya kalenda. Saa ya kwanza ni uso. Hapa imeharibika. Angelina Jolie, anayemcheza Olympias, amemzidi Colin Farrell, anayemcheza Alexander, umri kwa mwaka mmoja tu, na Olympias hazeeki hata chembe kutoka mwanawe akiwa mtoto hadi akiwa mfalme. Tukikatiwa kwenye chumba chake, uso haukuambii ni mwaka gani. Inabidi umtafute Alexander ndani ya picha, au umsikilize anasoma barua. Philip naye ana jicho moja karibu muda wote. Jicho hilo lilipotea Methone, mwaka 354 KK, mwanawe akiwa na miaka miwili hivi, kwa hiyo kihistoria ni sawa, ila kama saa ya kusomea wakati halisaidii kitu.

Saa zilizobaki ni nywele za Farrell, zinazorefuka kadiri safari inavyoenda mashariki, na rangi. Mpiga picha Rodrigo Prieto ndiye aliyeiokoa filamu hapa. Gaugamela, iliyopigwa Moroko, ni mchanga na jua kali. Babeli ni buluu na dhahabu. Bara Hindi, iliyopigwa Tailandi, ni kijani kizito chenye unyevu. Ukiwa na rangi za aina hiyo huhitaji maandishi ya "miaka kadhaa kabla" kila kona, na maandishi hayo, pale yanapotumika kuhesabu kwenda nyuma, yanachosha zaidi kuliko yanavyosaidia: mtazamaji anaanza kutoa na kujumlisha badala ya kutazama. Tarehe kamili na jina la mahali vingetosha.

Na Ptolemy? Katika toleo la sinema anaongea mno. Anaziba kila pengo kwa maneno, na sauti ya Hopkins hata iwe tamu vipi haiwezi kubeba Tyre na Misri kwa sentensi moja. Hata hivyo kumtoa kabisa lingekuwa kosa kubwa zaidi, kwa sababu yeye ndiye uhalali wa msuko wote. Ptolemy wa kweli aliandika historia ya Alexander. Kitabu hicho kimepotea, lakini Arrian, aliyeandika karne nyingi baadaye, alikitegemea kama mojawapo ya vyanzo vyake vikuu. Kwa hiyo mzee anayerukaruka, anayesahau, anayeficha na kujisahihisha si ujanja wa mwandishi wa skrini tu. Ndivyo habari za Alexander zilivyotufikia hasa, kupitia vinywa vya watu waliokuwa na maslahi. Mwishoni anamwambia mwandishi wake kwamba wao, marafiki, ndio waliomuua, hata kama ni kwa kunyamaza tu, kisha anaagiza maneno hayo yatupwe. Hapo ndipo unaelewa kwa nini hadithi haikusimuliwa kwa mstari. Msimulizi alikuwa anakwepa mahali pamoja muda wote.

Kwa kulinganisha, ipo filamu iliyolifanya jambo hili kwa nidhamu kali zaidi: Hero ya Zhang Yimou, 2002, kuhusu mfalme wa Qin aliyekuja kuiunganisha China mwaka 221 KK. Dakika 99 tu. Mtu mmoja ameketi mbele ya mfalme na kumsimulia jinsi alivyowaua maadui wa mfalme huyo. Simulizi lake la uongo ni jekundu, dhana ya mfalme ni ya buluu, ukweli ni mweupe, na kumbukumbu ya ndani zaidi ni ya kijani. Hakuna anayepotea, kwa sababu kila tabaka lina rangi moja na msimulizi mmoja, na katikati ya kila moja tunarudi kwenye ukumbi uleule wa giza. Alexander ina rangi kwa mahali. Hero ina rangi kwa ukweli. Hiyo ya pili ni ngumu kubuni lakini rahisi kufuata.

Upande wa pili kuna Mongol ya Sergei Bodrov, 2007, inayoanza mwaka 1192 Temüjin, yaani Genghis Khan, akiwa mfungwa wa Watangut, inarudi utotoni, kisha inapanda polepole hadi kulikuta gereza. Bawaba moja, mlango mmoja. Ni salama, haikosei, na haikushangazi hata mara moja. Alexander the Great ya Robert Rossen, ya 1956, yenye Richard Burton, haijaribu hata hilo. Inakwenda kwa kalenda, na inakuwa orodha ya ushindi iliyovaa mavazi mazuri.

Basi uchukue lipi? Kama hujawahi kuitazama, chukua la 2014. Lina muundo wa nyuzi mbili kama la 2007, limepunguzwa mafuta kidogo, na tofauti ya dakika nane haina unachokosa kwa mara ya kwanza. La 2007 ni la aliyekwisha kuipenda na anataka kila kipande. La mwongozaji la 2005 lina thamani kwa mwanafunzi wa uhariri pekee: ni ushahidi kwamba kupunguza dakika peke yake hakutibu kitu. La sinema litazame mwisho, baada ya mojawapo ya yale marefu, ndipo utaona kwa macho yako jinsi kuhamisha vita kimoja kunavyoweza kubadilisha filamu nzima.

Yatazame marefu kwa vikao viwili, ukikata kwenye mapumziko yenyewe na si pengine. Yamewekwa pale ambapo pumzi inaruhusu. Weka maandishi ya chini wakati Ptolemy anaongea, majina ni mengi. Karatasi yenye miaka minane inatosha kukuongoza: 356 kuzaliwa, 336 Philip kuuawa, 331 Gaugamela, 330 Philotas na baba yake Parmenion kuuawa, 328 Cleitus, 327 Roxane, 326 Hydaspes, 323 kifo. Filamu ikikupa tukio nje ya mpangilio huo, jiulize kama limerudishwa nyuma au limehamishwa.

Tahadhari ya mwisho ni ya diski. Usiamini dakika zilizoandikwa nyuma ya jalada bila kuangalia mfumo. DVD za PAL, mmoja wa mifumo ya televisheni, huendesha filamu kwa picha 25 kwa sekunde badala ya 24, kwa hiyo kila kitu hufupika kwa asilimia 4. Toleo la sinema la dakika 175 linakuwa kama 168, na ukiangalia haraka utadhani ni la mwongozaji la 167. La 2007 la dakika 214 linashuka hadi kama 205, na utadhani ni la 2014. La mwongozaji linashuka hadi 160, na la 2014 hadi 198. Blu-ray haina shida hiyo kwa kawaida, kwani filamu hubaki kwenye mwendo wake wa 24. Kama jalada limepotea au unatazama mtandaoni bila jina la toleo, nenda mwanzoni, mpite Ptolemy, usubiri. Akija mtoto, ni moja ya yale mafupi. Likija vumbi la Gaugamela na tai juu yake, umepata lenyewe.